Kona Zangu na Kiti cha Bibi Felista

Marahaba. Najua bado hamjaniamkia, lakini nawafahamu nyinyi mafundi vijana. Mnaingia kwenye nyumba ya mtu na begi mgongoni, simu sikioni, macho yanatafuta soketi, na salamu mnaikumbuka wakati wa kuondoka. Basi nimeipokea mapema, tusipoteze muda.

Mimi ni Gaspari, mkazi wa Visiga, fundi mstaafu wa simu na baadaye wa faiba. Huku Kibaha wengi wananiita Mzee Kona, na wapo wanaodhani ni kwa sababu nyumba yangu iko kwenye kona ya barabara. Nyumba yangu haiko kwenye kona yoyote. Jina hilo nililipata kwa mikono yangu, na kwa miaka mingi lilikuwa sifa. Halafu likageuka aibu. Leo nataka niwasimulie jinsi kona zangu zilivyokaribia kumwondoa bibi wa watu kwenye nyumba ya mwanawe, na yote yalianzia kwenye kile kisanduku cheupe mnachokibandika ukutani kila siku bila kukitazama mara mbili.

Kwanza kona zenyewe. Enzi za waya wa shaba, fundi alijulikana kwa ukuta wake. Ulipiga klipu kila baada ya kiganja kimoja, ukavuta waya mpaka ukanyooka, na ulipofika pembe ya mlango uliubonyeza kwa kidole gumba hadi ukakaa mraba kabisa. Mimi niliweza kuzunguka mlango, nikashuka hadi sakafuni, nikapita nyuma ya kabati la vyombo na kupanda mpaka kwenye simu, na usione mahali waya umetoa tumbo. Wenye nyumba walikuwa wanawaita majirani waje waone. Na shaba yenyewe haina neno. Ukiikunja inakunjika, na sauti inapita vilevile. Kwa hiyo miaka yote ile nilijifunza tabia mbaya na nikapongezwa kwayo.

Faiba, ule waya wa kioo unaopitisha mwanga, ilipofika nilikuwa nimeshafika umri wa kusaidiwa kubeba ngazi. Ofisi ikatupeleka Kisarawe kwa mafunzo, wazee wa shaba saba, tukakaa kwenye madawati tukimngoja mwalimu. Akaingia binti mmoja mwembamba, amejitanda mtandio, amebeba begi linalokaribia kumzidi. Mwenzetu mmoja akamwambia, "Binti, safari hii ongezeni sukari kwenye chai, ya asubuhi ilikuwa maji matupu."

"Nitawaambia jikoni," akajibu. "Ila naomba kwanza niwafundishe."

Ndiye aliyekuwa mwalimu wetu. Jina lake Mwanaidi, mzaliwa wa hapo hapo Kisarawe, na umri wake ni wa binti yangu wa pili. Alikuwa na adabu ya hali ya juu, na adabu hiyo ndiyo iliyotumaliza. Hakuwahi kumkosoa mzee bila kumwamkia kwanza. Siku ya kwanza nilishika kichwa cha waya, kile cha kijani, nikakifuta kwa pindo la shati nililovaa kama nilivyozoea. Nikasikia nyuma yangu, "Shikamoo baba."

"Marahaba."

"Umekosea."

Akakiweka kile kichwa chini ya darubini yake ndogo, akaniambia nichungulie. Niliona alama ya kidole changu imejaa mistari, na juu yake mafuta ya vitumbua nilivyokula asubuhi. Mwanga unaopita humo, akaeleza, unapita kwenye njia nyembamba kuliko unywele, sasa kitumbua kitaachaje kuuziba? Tangu siku hiyo nilitembea na kitambaa chake maalumu na chupa ya spiriti, na wenzangu walinisingizia kwamba nimeanza kunywa kazini.

Kufikia mwisho wa wiki ya pili, kila tuliposikia shikamoo mgongoni, wote saba tuliacha tulichokuwa tunafanya na kutazama mikono yetu.

Nimesema kisanduku, na huenda kati yenu yupo aliyeajiriwa wiki iliyopita, kwa hiyo nikieleze. Si kitu cha ajabu. Ndani hakuna umeme, hakuna taa, hakuna kinachozunguka. Ni kituo tu. Waya unaotoka kwenye nguzo umebeba uzi mmoja wa kioo, na uzi huo unaishia humo. Humo unaungwa kwa mashine na kipande kifupi chenye kile kichwa cha kijani, kiungo kinavishwa kimrija cha kukilinda, uzi uliobaki unazungushwa taratibu, mfuniko unafungwa. Kutoka hapo waya mwingine unakwenda kwenye ruta. Wenye nyumba wanaamini ruta ndiyo mtandao wenyewe, ndiyo maana ukizingua wanaipiga kofi. Kisanduku hakipigwi na mtu, na kwa sababu hiyo hakiheshimiwi na mtu.

Mahali pa kukiweka napo pana vituko vyake. Pale Kisarawe nilipata mteja mmoja, mstaafu wa serikali, aliyetaka tukiweke kwenye nguzo ya geti ili kila apitaye ajue nyumba hii ina faiba. Nikamweleza habari za mvua na jua. Akasema atakijengea paa. Tulibishana mpaka chai ikapoa, mwisho tukakubaliana cha kweli nikiweke sebuleni na getini nimwekee kisanduku kitupu. Nilipopita tena baada ya miezi michache nilikuta kile kitupu kimejengewa paa la bati na kupigwa rangi, na ndani yake mjusi ametaga mayai mawili. Mzee alikuwa ameshaandika tangazo kwamba mafundi wasikiguse mpaka yaanguliwe.

Cheka, lakini chukua somo. Mjusi anapita penye tundu dogo kuliko unavyodhani, na chungu anapita hata penye dogo zaidi. Tundu la waya liangalie chini, lizibwe kwa mpira wake, na waya kabla ya kuingia ushuke kidogo halafu upande, ili maji ya mvua yadondokee pale chini yasifuate waya hadi ndani. Kisikae jikoni penye mvuke. Kisikae nyuma ya kitu kizito kinachosogezwa. Mama mmoja wa Mbwawa alikifumia chake kitambaa cha uzi mweupe chenye maua, akakifunika kama anavyofunika redio. Huyo mwacheni. Kitambaa hakina madhara, na ni mtu pekee niliyewahi kumwona akikipenda kisanduku.

Jambo jingine la Mwanaidi lilikuwa maandishi. Alitulazimisha kila tunapomaliza tuandike upande wa ndani wa mfuniko, kwa kalamu isiyofutika: jina la fundi, kipimo cha mwanga alichokiacha, na jambo lolote ambalo fundi atakayefuata anapaswa kulijua. Sisi wazee tulilicheka sana hilo. Nani atasoma? Mwenzetu wa chai aliandika kwenye mfuniko wa mazoezi, "Sukari bado haitoshi." Mwanaidi akaisoma, akasema maandishi yanasomeka vizuri, akampa alama zote.

Sasa twende Visiga, kwa Mama Aneth.

Mama Aneth ni mwalimu wa shule ya msingi. Mumewe anafanya kazi Dar, anaondoka alfajiri na kurudi jioni. Binti yao Aneth alikuwa anasoma chuo akiwa nyumbani, masomo yake na majaribio yake yote yanapita kwenye mtandao. Waliomba faiba kwa ajili yake. Nilikwenda mwenyewe, na nilipouona ukuta wa ile sebule, umepigwa rangi mpya ya maziwa, hauna hata msumari, mkono ukaniwasha. Mafunzo ya Kisarawe nilikuwa nimeyamaliza wiki tatu tu nyuma. Mwanaidi alikuwa ametuambia kwamba mwanga hautaki kukunjwa, kwamba kila pembe kali inaumwaga nje. Nilisikia, nikaitikia, nikafaulu hata swali lake. Lakini ukuta ule!

Niliingiza ule waya mwembamba mweupe karibu na dirisha, nikauzungusha sebule, kona sita, kila moja mraba. Kisanduku nikakiweka karibu na televisheni, na uzi wa ziada nikauzungusha ndani kwa kuukaza, kama fundi cherehani anavyojaza uzi kwenye kigurudumu chake. Kwenye mfuniko sikuandika kitu. Mtandao ukawaka. Mama Aneth akasimama katikati ya sebule, akasema, "Fundi, hata haionekani kwamba ulipita." Nilirudi nyumbani napiga mluzi.

Miezi miwili hakuna tatizo. Halafu akaja Bibi Felista.

Bibi Felista ndiye mama mzazi wa Baba Aneth. Alikuwa anaishi Janga kwenye shamba lake, mguu ukaanza kumsumbua, mwanawe akamchukua. Alikuja na begi moja, sufuria moja, kikombe chake cha bati, na kiti. Kiti hicho cha mninga kilichongwa na marehemu mumewe, aliyekuwa seremala, na kilikuwa kizito kweli. Mguu mmoja wa nyuma ulikuwa umelika kwa miaka, kwa hiyo anayekaa anaegama nyuma kidogo. Wakakiweka sebuleni penye nafasi, mgongo ukutani, na tangu hapo hakuna mwingine aliyekikalia. Si kwamba alikataza mtu. Nyinyi wenyewe mnajua, kiti cha mzee, tena cha marehemu, mtoto gani atakikalia?

Wiki ile ile mtandao ukaanza kukatika. Nikaitwa. Nilipoingia Bibi alinyanyuka ili kunipisha, akaenda zake barazani kwenye mkeka, maana ni mtu mstaarabu. Nikapima, mwanga upo, hafifu kidogo ila upo. Nikafuta kichwa kwa spiriti, nikaondoka. Siku mbili hazikupita nikaitwa tena. Bibi akanyanyuka tena, akaenda barazani. Nikapima tena, upo tena.

"Fundi," Mama Aneth aliniambia akiwa amekunja mikono, "huu mtandao unakatika kila mama akikaa. Akinyanyuka, unarudi. Mimi nimehesabu. Juzi Aneth alikuwa kwenye jaribio, mama akakaa tu, kwisha."

Hapo palikuwa pa kufikiri. Mtu amenipa jibu lote, amelifunga na kamba, kilichobaki ni kupokea. Lakini mimi nilikuwa fundi wa miaka mingi, vipimo vyangu viko sawa, na kona zangu zinapendeza ukutani. Basi nikafanya utani.

"Mama, hapa kila kitu kizima. Labda mtandao unamwogopa bibi."

Nikacheka. Nilicheka peke yangu. Mama Aneth hakucheka, aligeuka akatazama barazani.

Vijana, fundi asiyejua tatizo aseme hajui. Maneno mawili tu: "Bado sijajua." Hayaui. Ule utani wangu ulibaki kwenye ile nyumba baada ya mimi kuondoka. Jirani mmoja akaurudia kwa mwingine, na yule wa pili hakuusema kama utani. Wakaanza kuulizana bibi huyu katoka wapi, na kule Janga alikuwa anaishi na nani, na mbona tangu afike na kuku wa Mama Aneth wamepunguza kutaga. Mimi sikuyajua hayo. Nilichojua ni kwamba Ijumaa bosi aliniita ofisini.

"Nyumba ile imepiga tena. Mara ya tatu, Mzee Kona. Kesho nenda na Mwanaidi. Mkirudi bila jibu, Jumatatu unaanza stoo kuhesabu klipu."

Mwanaidi ndiye aliyeendesha gari la ofisi mpaka tukakaribia Visiga. Halafu akasema, "Baba, zile mara mbili ulizopima, bibi alikuwa amekaa?"

"Atakaaje wakati nafanya kazi? Alinipisha."

Hakuniambia shikamoo. Aliguna tu, na mimi nikaanza kutazama mikono yangu.

Tulikuta jumuiya ya kanisa iko nyumbani kwa Mama Aneth, ndiyo ilikuwa zamu yake, watu kama ishirini wamejaa sebule wakisali. Tukakaa barazani kungoja wamalize, na hapo mlangoni niliona begi la shangazi kaja limefungwa, juu yake sufuria, juu ya sufuria kikombe cha bati. Nikamuuliza Aneth, aliyetoka kutusalimia, nani anasafiri.

"Bibi," akasema kwa sauti ya chini. "Anarudi Janga mchana huu. Hakuna aliyemfukuza. Amesema mwenyewe hataki kuniharibia masomo."

"Na kiti chake?"

"Kitafuata. Hakikalii tena, tangu jana anakaa chini kwenye mkeka. Na ule mguu wake."

Nilichungulia ndani nikamwona, mguu mmoja ameunyoosha mbele, rozari mkononi, na nyuma yake kiti cha mninga kiko kitupu. Stoo nikaisahau. Niliwaza Janga, mama mzee peke yake shambani na mguu ule, kwa ajili ya mzaha niliousema nikiwa nafunga begi.

Sala ikaisha, chai na mihogo vikazunguka. Mwanaidi akaingia, akawaamkia wazee wote mmoja mmoja, kisha akapiga magoti mbele ya mkeka.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mjukuu wangu."

"Naomba ruhusa yako nikalie kiti chako."

Mtu mmoja aliyekuwa anatafuna muhogo aliacha kutafuna.

"Kile cha marehemu," Mama Aneth alisema haraka haraka.

Bibi Felista alimtazama Mwanaidi, akatabasamu. "Kaa tu. Ila kinaegama, usije ukashtuka."

Mwanaidi akakaa. Kiti kikaegama, mgongo wake ukagonga ukuta, na kutoka chumbani Aneth akapaza sauti, "Mama! Umekatika tena! Bibi amekaa?"

"Bibi yuko kwenye mkeka," mwenyekiti wa jumuiya akajibu, kama anayetoa ushahidi mahakamani.

Mwanaidi akasimama. "Umerudi!" Akakaa. "Umekatika!" Aneth hakujua kinachoendelea huku, yeye alikuwa anatangaza tu. Mwenyekiti, mzee wa heshima mwenye tumbo lake, akaomba ruhusa na yeye ajaribu. Akakaa, ukakatika. Akaja katibu, ukakatika. Akina mama watatu wakapanga foleni. Katika dakika tano nusu ya jumuiya ilikuwa imekata mtandao, na kila mmoja alinyanyuka pale akiwa amefurahi kweli kweli, isipokuwa wawili niliowatambua baadaye kuwa ndio waliokuwa wakiulizana habari za kuku.

"Sasa naomba tufunge mapazia," Mwanaidi akasema.

Yakafungwa. Akakiendea kisanduku, akachomoa waya wa ruta, akachomeka kalamu yake ya taa nyekundu mahali pake. Nyinyi mnaijua ile kalamu. Inapeleka mwanga mwekundu ndani ya uzi, na mahali popote uzi unapoumia, wekundu unachuruzika nje. Uzi mzima hauonyeshi kitu.

Ukuta wa Mama Aneth ulionyesha. Kona ya kwanza ikawaka nyekundu, ya pili ikawaka, ya tatu, nyuma ya kiti cha Bibi, ikawaka kuliko zote, kisha ya nne, ya tano na ya sita. Kisanduku nacho, mfuniko ukiwa wazi, kikang'aa ndani kama jiko la mkaa. Kila mahali nilipopiga mraba wangu palikuwa na taa. Mama mmoja akafanya ishara ya msalaba. Mwingine akaanza rozari upya.

Nilisimama katikati ya sebule nikitazama fahari yangu yote imewaka mbele ya watu ishirini. Mwanaidi akaja karibu yangu, akasema polepole, "Shikamoo baba."

Nikangoja. Hakumalizia. Alinitazama, na nikaelewa kwamba hilo neno la pili ameniachia mimi.

"Marahaba," nikasema. "Nimekosea."

Nikawaambia wote. Niliwaambia kwamba waya huu haukutakiwa kukunjwa hivi, nilifundishwa nisiukunje, na niliukunja ili upendeze. Kwamba kila kona ilikuwa inamwaga mwanga kidogo kidogo, ule uliobaki ulitosha kwa shida, na kiti kikigusa kona ya tatu hata huo kidogo unaisha. Angekaa yeyote ungekatika, ila kwa heshima yenu hakuna aliyekaa isipokuwa mwenyewe. Na yale maneno kwamba mtandao unamwogopa bibi niliyasema mimi, kwa sababu nilishindwa kazi na sikutaka kukiri.

Mapazia yalikuwa bado yamefungwa. Sauti ya Bibi Felista ikatoka chini kwenye mkeka.

"Kumbe ni wewe! Mwanangu, mimi hata kuku wa Janga hawaniogopi. Nilikuwa nawafukuza kwenye mpunga wananitazama tu."

Kicheko kilichofuata, nina hakika kilisikika barabara kuu. Mama Aneth hakucheka mwanzoni. Alikwenda mlangoni, akachukua begi, akalipitisha mbele ya watu wote mpaka chumba cha nyuma, aliporudi macho yalikuwa mekundu, akampa mama mkwe wake mkono wa kumnyanyua kutoka kwenye mkeka. Nilichowasikia wakisemezana ni chao.

Kazi ya kurekebisha niliifanya mimi. Nilizing'oa kona zote sita kwa mkono wangu. Nikamuuliza Mwanaidi mzunguko uwe mpana kiasi gani, akatazama huku na huku, akachukua kile kikombe cha bati. "Usipungue hiki," akasema. Kwa hiyo kila penye pembe niliweka kikombe cha Bibi ukutani na kuuzungusha waya pembeni yake, na kona ya tatu nikaihamisha kabisa ikapita juu ya kiti. Ndani ya kisanduku nikaufungua ule uzi niliokuwa nimeukaza, nikakata, nikaunga upya, nikauzungusha ukiwa umelegea. Vipande vya kioo vilivyokatika nikavitia kwenye chupa kimoja kimoja, maana kimoja kikikuingia kwenye nyama hukioni, unakisikia tu. Ukuta ulipokwisha ulikuwa na matumbo kila mahali. Bibi aliutazama kona baada ya kona, kisha akaomba kikombe chake.

Nilipotaka kufunga mfuniko akaniuliza kwa nini Mwanaidi amenipa kalamu. Nikamweleza desturi ile. "Basi andika," akasema. "Andika kwamba kosa ni la fundi, si la bibi." Nikaandika hivyo hivyo, nikatia jina langu na kipimo. Kisha nikawaonya watu wote wa nyumba kwamba kisanduku hiki hakifunguliwi na mtu asiye fundi, na Bibi akanijibu kutoka kwenye kiti chake, ambacho mtandao haukukishtukia tena, "Mimi nina shughuli gani na kisanduku chako?"

Stoo sikwenda. Niliendelea na faiba mpaka nikastaafu, na hakuna mfuniko niliofunga bila kuandika. Siwaambii kwamba niliacha kuzipenda kona. Mpaka leo nikiingia kwenye nyumba yenye waya wa zamani wa simu nazitazama kwa jicho la wizi. Lakini nilishakubali kwamba zile zilikuwa za kupendeza macho tu, na kwamba hakuna atakayezikumbuka.

Bibi Felista aliishi Visiga miaka yake yote iliyobaki. Alifariki mwaka jana, kwenye nyumba ya mwanawe, na nilikuwa miongoni mwa walioshika jeneza. Kiti kiko pale pale, na hakuna anayekikalia.

Mwezi uliopita Mwanaidi, ambaye sasa ndiye bosi, alikwenda mwenyewe kwa Mama Aneth. Mtandao ulikuwa unasuasua. Alikuta kisanduku kina chungu, kwa sababu mfuniko haukuwa umefungwa sawasawa, na ukingoni una mikwaruzo ya kijiko. Mtu alikuwa amekifungua zamani na hakujua kukirudishia. Alinipigia picha ya upande wa ndani wa mfuniko, akanitumia kwenye simu. Nikavaa miwani.

Maandishi yangu yalikuwepo yote. Chini yake palikuwa na mwandiko mwingine wa penseli, herufi kubwa zilizoachana, mwandiko wa mtu aliyesoma darasa la nne la zamani na kuandika mara chache sana tangu hapo.

"Nimemsamehe. Lakini kona zake zilikuwa nzuri."

Nilikaa na ile simu mkononi, miwani ikaingia ukungu, ikabidi niifute kwa pindo la shati. Nilipoivaa tena nikaona Mwanaidi ameongeza ujumbe chini ya picha.

"Shikamoo baba. Bibi naye amekosea."

Nikamwandikia: "Marahaba."